Mwandishi, mwongozaji, mzalishaji, mwalimu

Kijana wa Ngujini, kule milimani Upare, anayeota kutengeneza filamu aitazame kazi ya Amil Shivji. Alisomea filamu Toronto, akarudi Dar es Salaam, akaanzisha kampuni yake, Kijiweni Productions, na akafundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Alianza na filamu fupi, zikiwemo “Shoeshine” ya mwaka 2013 na “Samaki Mchangani” ya mwaka 2014. Mwaka 2017 “T-Junction”, filamu yake ndefu ya kwanza, ilifungua tamasha la filamu la ZIFF, Zanzibar. Yeye ni mwandishi, mwongozaji na mzalishaji, na hapo ndipo faida ya kuvaa kofia nyingi inapoonekana: anayeandika, kuongoza na kuzalisha hamsubiri mwenye fedha amwamulie hadithi ipi isimuliwe. Lakini hata yeye hakung'ang'ania kila kitu. Riwaya ya Adam Shafi, “Vuta N'kuvute”, yenye mapenzi ya Denge na Yasmin katika Zanzibar ya miaka ya 1950, aliigeuza kuwa filamu kwa kuandika pamoja na Jenna Bass wa Afrika Kusini, na wazalishaji wengine wakaingia. Mwaka 2021 ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto, filamu ndefu ya kwanza ya Tanzania kufika huko. Mwaka uliofuata nchi ikaipeleka kuwania Oscar, jambo ambalo halikuwa limefanyika tangu “Maangamizi” ya mwaka 2001. Miaka ishirini na ushei ni mingi mno. Halmashauri na vyuo vyetu viwanunulie vijana kamera, viwalipie mafunzo, na hadithi za Upare zianze kurekodiwa sasa.