Kiuno Kinapogoma Kabla ya Miguu

Theluji ilipoyeyuka nilitoa baiskeli gereji, nikaondoka na binti yangu kutoka Swing Bridge Park, hapa Inver Grove Heights. Ndipo lilipo lile daraja la reli la mwaka 1895, ambalo kipande chake kimekuwa gati la kutazamia mto Mississippi tangu 2011. Tulifuata njia ya mto kuelekea kusini. Tulipoanza kupanda kilima cha Pine Bend, miguu ilikuwa bado na nguvu, ila kiuno kilikataa. Nikashuka, nikasukuma. Binti akanisubiri juu: "Baba, umezeeka?"

Sikuwa nimezeeka, nilikuwa nimekaa. Baridi nzima niliishi kwenye kiti cha kazini, cha gari na kochi. Misuli ya tumbo, mgongo na makalio ndiyo inayoshika nyonga zisiyumbe unapokanyaga pedali. Ikilegea, kiuno hubeba kazi peke yake. Kule nyumbani Black Mamba ilitukalisha wima. Baiskeli zenye usukani wa chini hutuinamisha, na kiuno huelemewa zaidi.

Huhitaji kulipia jimu. Tandika mkeka mara 3 kwa wiki:

Ubao. Lala kifudifudi, jiinue kwa viwiko na vidole vya miguu, mwili unyooke. Sekunde 20, mara 3. Kiuno kikibonyea, shuka upumzike.

Daraja. Lala chali, kunja magoti, inua makalio, kisha shusha polepole. Mara 10.

Mkono na mguu. Piga magoti, viganja chini. Nyosha mkono wa kulia na mguu wa kushoto, kisha badilisha. Mara 8 kila upande.

Usibane pumzi. Ukizoea, ongeza sekunde chache. Kagua pia urefu wa kiti: ukiweka kisigino kwenye pedali iliyo chini kabisa, mguu unyooke bila nyonga kuinama upande.

Maumivu yakishuka mguuni au ukihisi ganzi, muone daktari. Mkojo ukikushinda kuuzuia, nenda hospitali saa hiyo hiyo.

Kwetu tunafanya baada ya chakula cha jioni kutulia tumboni. Binti ndiye mshika saa, na hanisamehei hata sekunde moja. Juzi nilipanda Pine Bend bila kushuka. Bado alinitangulia, lakini safari hii hakuniuliza kitu.