Chuma Ulete Inaogopa Daftari, Mwacheni Dada wa Duka!

Haya wadau wa mjini, video mmeiona. Staa mmoja wa filamu, jina kapuni, kakaa sakafuni kwenye fremu yake ya nguo pale Kariakoo, wigi pembeni, machozi mpaka kidevuni, anawaambia mashabiki kwamba duka limekufa kwa chuma ulete. Mpaka hapo ungempa pole. Balaa ni picha aliyoibandika baada ya video: sura ya dada wake wa duka, binti wa miaka 19, na maneno juu yake kwamba mkono wa huyu ndiyo uliokuwa mlango.

Kwa watoto wa juzi wasioijua, chuma ulete iko hivi. Anakuja mteja, ananunua kitu kidogo, noti yake inaingia kwenye droo. Kumbe ile noti imeshasemewa maneno huko ilikotoka. Ikifika ndani inatoboa tundu lisiloonekana kwa macho, na upande wa pili wa tundu ni kibindo cha mwenyewe. Wekundu wa Msimbazi waliolala humo wanaanza kuifuata mmoja mmoja. Jioni kufuli lipo, droo haijavunjwa, hela hakuna. Ndiyo maana utakuta droo zenye ndimu na chumvi ya mawe, na wauzaji wasiopokea noti mkononi mpaka uiweke kwanza juu ya meza.

Kwamba hela inapotea, ni kweli kabisa. Ubishi ni tundu liko wapi.

Chukua siku moja tu ya duka lile, kama wanaolijua wanavyosimulia. Mauzo yaliyoandikwa ni 640,000. Jioni droo ina 590,000, bosi kashika kiuno, kelele mpaka fremu ya tatu. Lakini asubuhi bosi huyohuyo kachota 20,000 ya kikoba. Mchana kaja na mashoga zake, biriani na soda, 15,000. Bodaboda aliyempelekea shoga mwingine gauni Sinza kalipwa 10,000 kutoka droo ileile. Kijana aliyekuja kumpiga picha za kuposti kapewa 5,000. Jumlisha mwenyewe: elfu hamsini, tundu limeziba, na hakuna jini aliyeguswa.

Na lile gauni la Sinza, nani alilipia? Halimo kwenye daftari, kwa sababu la mzigo halikuwepo. Lililokuwepo ni la mauzo ya binti. Nguo alizovaa bosi kwenye sherehe za watu nazo zilitoka kwenye henga za duka, nyingine hazikurudi. Hapo bado kilemba alichomlipa aliyemwachia fremu, bado kodi ya miezi sita iliyolipwa kwa mkopo. Duka la hivyo hata malaika akikaa kaunta litafungwa.

Halafu kuna hili la Lipa Namba. Siku hizi wateja wengi wanalipa kwa simu, na ajabu ni kwamba malalamiko ya chuma ulete yamebaki kwenye droo. Jini gani huyu anayepenya mbao na kufuli la shaba, halafu anashindwa na namba ya siri ya tarakimu nne? Jibu ni jepesi: kwenye simu kila shilingi ikitoka inaacha meseji. Bosi akichota, inaonekana bosi kachota.

Mei 2023 wafanyabiashara wa Kariakoo walipofunga maduka, Waziri Mkuu Kassim Majaliwa akaenda kukutana nao Mnazi Mmoja, na walieleza vizuri tu hela zao zinakwama wapi. Walilalamikia kodi, ukamataji wa watu wa TRA, usajili wa stoo. Kumbe mbele ya serikali tundu lina jina na anwani. Ni mbele ya binti wa laki moja na nusu kwa mwezi ndiyo linageuka kuwa uchawi, maana yeye hana chama, hana mkataba, na nauli ya kurudi Mbagala anaidai kwa bosi huyohuyo.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 haimruhusu mwajiri kukata mshahara kwa hasara ya dukani bila kumpa mfanyakazi nafasi ya kujieleza. Huyu hakuulizwa; mshahara wake wa mwezi wa mwisho umeliwa wote, eti unafidia kilichopita tundu. Na Sheria ya Uchawi, iliyokuwepo tangu 1928, inafanya kumtaja mtu kuwa ni mchawi kuwa kosa. Watu wanacheka wakisikia sheria hiyo, wanaona ni ya porini. Waulizwe wa Shinyanga na Mwanza, ambako bibi vizee wenye macho mekundu kwa moshi wa kuni wameuawa kwa neno kama hilihili. Staa kalitamka kwa mashabiki kibao, akaweka na sura.

Kinachokera zaidi ni kwamba posti iliyofuata ni tangazo la mganga. Ndiyo, yule wa karatasi za kwenye nguzo za umeme, pete ya bahati, kumrudisha mpenzi, kinga ya biashara, sasa kapanda cheo, anatangazwa na staa. Machozi yale yalikuwa na mdhamini.

Fremu imeshapata mpangaji mwingine, anauza makava ya simu, na daftari lake linaning'inia kwa kamba ukutani. Binti yuko kwao Mbagala, hatoki nje mchana. Picha yake bado iko kwenye ukurasa wa bosi. Ifutwe leo, na laki na nusu yake ilipwe, kwa Lipa Namba ikiwezekana.