KITABU CHA MOTOKAA NI CHOMBO CHA MFANYA KAZI



Madereva na mafundi wengi wa chama chetu wana spana zao wenyewe, walizozinunua moja moja kwa mishahara yao. Lakini tukiuliza ni nani aliye na kitabu cha gari analoliendesha au kulifungua kila siku, mikono inayoinuliwa ni michache. Twaona jambo hili si dogo, maana lagusa mfuko wa mfanya kazi na kazi yake pia.

Tumfikirie dereva anayeambiwa na tajiri wake alipe injini iliyovunjika. Tajiri asema dereva hakulitunza gari. Dereva asema aliomba mkanda wa taimingi ubadilishwe, akakataliwa. Bila kitabu, hayo ni maneno ya mtu mmoja dhidi ya maneno ya mwingine. Lakini kitabu chataja kilomita za kubadilisha mkanda huo, na mita ya gari yaonyesha kilomita zilizokwisha kwenda. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 19, yamruhusu mwajiri kukata mshahara kwa mali iliyoharibika ikiwa mfanya kazi alifanya kosa kwa kusudi, na hata hapo akate kiasi cha haki tu. Basi dereva aliyeomba mkanda kwa barua, akataja ukurasa wa kitabu na kubaki na nakala, ana shahidi wa kumtetea.

Wako pia wanachama wenye gari kuukuu la kwao wenyewe, ambao hulitengeneza siku ya mapumziko ili kuokoa fedha. Hao nao hupata hasara kwa kukisia. Corolla AE110 yenye injini ya 5A hutumia mkanda wa taimingi, lakini Probox yenye injini ya 1NZ hutumia mnyororo. Asiyejua hayo aweza kuuziwa mkanda usio na mahali pa kuwekwa. Tena bolti za hedi hukazwa kwa mpango, kuanzia katikati kwenda pembeni, kwa hatua, na kwa nguvu iliyoandikwa kitabuni. Ukizikaza ovyo, hedi yaweza kupinda na gasketi kuungua tena kabla ya mwezi kwisha. Mkono wa fundi ni mwerevu, lakini haukumbuki tarakimu za kila injini.

Vitabu hivi ni vya namna tatu. Cha kwanza ni kitabu cha mwenye gari, kinachosema aina ya oili, lita zake, upepo wa magurudumu na wakati wa sevisi. Cha pili ni kitabu cha gereji kutoka kiwandani, chenye mpango wa kufungua na kufunga, na ramani ya nyaya za umeme. Cha tatu ni kile kilichochapishwa kwa ajili ya mtu wa kawaida. Mwingereza John Haynes alitoa cha kwanza cha kampuni yake mwaka 1966, cha gari la Austin-Healey Sprite, kwa kuwa aliona kitabu cha kiwanda hakikumfaa mtu asiye na gereji. Desturi ya kampuni hiyo ilikuwa kulifungua gari zima na kulifunga tena, huku wakipiga picha. Lakini vitabu hivyo ni vya magari yaliyouzwa Ulaya na Marekani zaidi, na gari lililouzwa Japani tu mara nyingi hulikuti humo.

Kwa hivyo, kabla ya kutafuta kitabu, fungua boneti usome kile kibati chenye namba ya chesi, alama ya modeli na alama ya injini. Yaandike yote. Jina la gari peke yake halitoshi, maana jina moja laweza kuwa na injini nyingi. Kisha tazama ndani ya dashibodi. Magari yetu mengi yametoka Japani, na kitabu kilichomo ni cha Kijapani. Usikitupe. Lita na kilomita zimeandikwa kwa tarakimu tunazozijua, na siku hizi simu yenye kamera yaweza kukufasiria maneno, ijapokuwa yafaa kuhakikisha kwa anayejua. Viwanda kama Toyota na Honda vimeweka vitabu vya mwenye gari katika intaneti, navyo husomwa bure. Wauza vitabu wa kando ya barabara mjini Nairobi nao waulizwe. Lakini jihadharini na wale wa intaneti wanaodai namba ya kadi ya benki kabla hujaona hata ukurasa mmoja.

Kitabu cha gereji ndicho kigumu kupata, maana wenye viwanda hupenda kukiweka kwa mawakala wao. Wengine wamekwisha lipigania jambo hili. Mwaka 2012 wapiga kura wa jimbo la Massachusetts, Marekani, walikubali sheria ya kuwapa wenye magari na gereji ndogo njia ya kununua maelezo yale yale wanayopata mawakala. Umoja wa Ulaya ulitoa kanuni ya namna hiyo mwaka 2007. Fundi wa Kariobangi au wa Changamwe astahili haki hiyo hiyo.

Kwa waajiri twasema hivi: mahali penye kitabu, kisifungiwe ofisini. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 yamtaka mwajiri ampe mfanya kazi maelezo na mafundisho yanayohitajiwa kwa usalama wake. Kitabu cha gari ni katika maelezo hayo. Ndicho kionyeshacho mahali pa kuweka jeki, na kwamba nyaya za rangi ya machungwa katika gari la haibridi zina umeme wa kuua. Anayemtuma fundi chini ya gari bila maelezo hayo anacheza na roho ya mtu.

Kwa wanachama twapendekeza kila tawi liwe na rafu moja. Watu kumi wakichanga, kitabu ambacho mmoja hawezi kukinunua chanunuliwa, na kibaki ofisini kisomwe na wote. Anayejua Kiingereza amsomee asiyejua, naye mwenye ujuzi wa mikono amwonyeshe msomaji kile kinachosemwa. Kijana aliyezoea kusoma hivyo hataogopa karatasi ya mtihani wa ufundi, na mwenye cheti ana nguvu zaidi anapodai daraja lake na mshahara wake.

Basi kila mmoja aje mkutanoni na namba ya modeli na ya injini ya gari analolifanyia kazi, ili tujue vitabu gani vitangulie kununuliwa.

UMOJA NI NGUVU.