Abstrakti ya Polisi Haishindi Kesi

Mama alipanda kizimbani kwa gongo. Mguu wa kulia ulikuwa na vyuma, na katika mfuko wa plastiki alikuwa na karatasi zote: fomu ya P3, risiti za hospitali, ripoti ya daktari na abstrakti ya polisi. Wakili wa upande wa pili akamuuliza, "Mama, gari lililokugonga lilikuwa likiendeshwa vipi?" Akajibu bila kuficha, "Sikuliona. Nilijikuta hospitalini." Wakili akasema hana swali jingine, akaketi. Nilikuwa benchi la nyuma, nikajua kesi imekwisha.

Mama yule aliamini wanachoamini Wakenya wengi: ukigongwa na ukapata abstrakti, fidia ni yako, kilichobaki ni kuvutana kuhusu kiasi. Imani hii ni potofu, na inawaponza majeruhi.

Sheria yetu haimlipi mtu kwa sababu ameumia. Humlipa kwa sababu mwingine amefanya uzembe, na uzembe huo umethibitishwa. Mahakama ya Rufaa ililisema hili waziwazi mwaka 1991 katika kesi ya Kiema Muthuku dhidi ya Kenya Cargo Handling Services: nchini Kenya bado hakuna dhima pasipo kosa. Kifungu cha 107 cha Sheria ya Ushahidi nacho kinamtwika mzigo yule anayedai.

Hebu isome hiyo abstrakti. Ina tarehe, mahali, nambari ya gari, jina la mwenye gari, kampuni ya bima na majina ya walioumia. Penye matokeo ya uchunguzi, mara nyingi huandikwa kwamba uchunguzi ungali unaendelea. Karatasi hiyo inaonyesha kuwa ajali iliripotiwa. Haisemi kama dereva alikuwa mbioni, kama alihama upande wake, wala kama alilipita gari jingine kwenye kona. Tena afisa anayekuja kuisoma mahakamani aghalabu si yule aliyefika barabarani siku ile. Huja na kitabu cha matukio (OB) mkononi, lakini ramani ya eneo la ajali haionekani.

Wapo watakaoniambia kwamba gari kubwa ndilo lenye makosa daima, au kwamba abiria wa matatu hana la kuthibitisha. Abiria ana nafuu, kweli, kwa kuwa hakushika usukani. Lakini magari mawili yakigongana naye akamshtaki mwenye gari moja tu, huyo atamsukumia lawama asiyekuwepo mahakamani. Na mwendesha bodaboda aliyegongwa na lori, asipoeleza alikuwa upande gani wa barabara, anaweza kubebeshwa nusu ya kosa, na nusu ya fidia yake ikaenda hivyo.

Wanaonikera zaidi ni mawakili wanaopokea abstrakti, wakafungua kesi, kisha wakangoja. Hawatafuti shahidi hata mmoja. Hawaulizi kesi ya trafiki imefikia wapi, ilhali kifungu cha 47A cha sheria hiyohiyo ya ushahidi kinasema hukumu ya mwisho ya kumtia mtu hatiani kwa jinai ni uthibitisho kamili kwamba alitenda kosa hilo. Dereva akipatikana na hatia ya kuendesha kizembe, mdai amepata silaha ambayo abstrakti elfu moja haziwezi kumpa.

Ushahidi uko kule kule ajali ilikotokea. Uko kwa muuza mahindi aliyekuwa akipuliza jiko lake, kwa makanga, kwa mwenye kibanda cha mpesa. Chukua majina na nambari zao za simu. Piga picha za alama za breki, za vioo vilipomwagika, za gari lilipoishia. Sheria inakupa miaka 3 ya kufungua kesi ya uzembe, lakini mvua moja inatosha kuzifuta alama hizo.

Kama ndugu yenu amelazwa leo, mmoja abaki naye wodini, na mwingine aende barabarani leo hii, kabla magari hayajaburutwa hadi kituoni.