Motokaa ya Benz yaelekea wapi?

Mwezi wa Julai 2021 kampuni ya Mercedes-Benz ya Ujerumani ilitangaza kwamba ifikapo mwisho wa mwongo huu itakuwa tayari kuuza motokaa za umeme peke yake, kila mahali ambapo soko litaruhusu. Haikutimia hata miaka 3, Februari 2024, kampuni hiyo hiyo ikalegeza kamba. Safari hii ilisema kwamba motokaa za umeme, pamoja na zile zinazochanganya umeme na petroli, huenda zikafika nusu tu ya mauzo yake katika nusu ya pili ya mwongo huu, na kwamba injini za mafuta zitaendelea kutengenezwa maadamu wateja wanazitaka.

Huenda msomaji akauliza: hayo ya Wajerumani yatuhusu nini sisi tulioko huku pwani? Yatuhusu sana. Sheria ya Kenya hairuhusu kuingizwa nchini motokaa iliyozidi miaka 8 tangu isajiliwe mara ya kwanza. Basi kila linaloamuliwa leo mjini Stuttgart hutushukia bandarini Kilindini baada ya miaka 6 au 7, likiwa limekwisha tumiwa na Mjapani au Mwingereza na bei yake imeanguka. Wachache mno kati yetu hununua Benz mpya. Tulio wengi, tukijaliwa, hununua ya mkono wa pili, na sisi ndio tunaobaki nayo siku itakapokataa kuwaka. Kwa hiyo swali langu leo silo kama Benz ni motokaa nzuri. Nauliza kama hii inayouzwa sasa ingali ndiyo ile iliyojipatia sifa ya kudumu.

Yafaa kwanza tujue sifa hiyo ilitoka wapi, maana wengi hudhani ilitokana na mawaziri na matajiri. Sivyo.

Karl Benz aliomba hati ya uvumbuzi wake mnamo Januari 29, 1886, kwa gari la magurudumu 3 alilolitengeneza Mannheim. Watu hawakuliamini. Aliyewafanya waliamini ni mkewe, Bibi Bertha, ambaye Agosti 1888 aliwachukua wanawe wawili wa kiume, bila ya kumwarifu mumewe, akaliendesha gari hilo hadi Pforzheim, mwendo unaozidi kilomita 100. Mafuta yalipomwishia aliingia katika duka la dawa mjini Wiesloch akanunua dawa ya kuondolea madoa ya nguo, akatia katika tangi, akaendelea. Mfereji wa mafuta ulipoziba aliuzibua kwa pini ya kofia yake. Mimi humhesabu bibi huyu kuwa ndiye makanika wa kwanza wa barabarani.

Jina la Mercedes lilikuja baadaye, tena kutoka kampuni nyingine. Mfanyabiashara mmoja aliyeishi Nice, Emil Jellinek, aliiagizia kampuni ya Daimler motokaa za mashindano na akataka ziitwe kwa jina la binti yake, Mercédès. Jina hilo ni la Kihispania, na maana yake ni rehema. Kwa hivyo akina Rehema wa kwetu wana haki ya kuliringia. Kampuni hizo mbili, ya Daimler na ya Benz, ziliungana mwaka 1926.

Miaka ya vita vya pili haifai kurukwa kimya kimya. Hitler alipanda Mercedes kubwa za namna ya 770, na mwaka 1944 karibu nusu ya watu waliofanya kazi katika viwanda vya kampuni hiyo walikuwa watumwa wa vita, mateka na wafungwa. Yeyote aisifuye nyota ile na akumbuke jambo hilo pia.

Sasa tuje kwenye kiini. Mwaka 1936 kampuni ilionyesha huko Berlin motokaa iliyoitwa 260 D. Ilikuwa na injini ya dizeli yenye nguvu za farasi 45 tu, ikinguruma na kutetemeka, na mwenye fedha hakuwa na haja nayo. Walioikimbilia ni madereva wa teksi. Dereva wa teksi hatazami uzuri wa rangi; hutazama mafuta yanayoliwa kwa siku, na siku zinazopotea gereji. Tangu hapo, kwa zaidi ya miaka 50, Mercedes iliendelea kuwatengenezea watu hao motokaa: 170 D, 180 D, 190 D yenye mapezi nyuma kama ya samaki, 200 D na 240 D. Dereva mmoja wa teksi wa Thessaloniki, Ugiriki, aliitumia 240 D yake ya mwaka 1976 mpaka ikatimiza kilomita milioni 4.6, na mwaka 2004 ikachukuliwa kuwekwa katika jumba la makumbusho la kampuni yenyewe. Kweli injini zake zilibadilishwa mara nyingi, lakini bodi ni ile ile.

Kilele cha zama hizo kilikuwa namna iliyojulikana kwa nambari W123, iliyotoka mwaka 1976. Zilitengenezwa karibu milioni 2.7. Katika mwaka wake wa kwanza, Mjerumani aliyeagiza alingoja muda mrefu hata wengine wakawa wanaiuza iliyokwisha tumika kwa bei ya mpya, au zaidi. Kizuri chajiuza. Na ilikuwa nzito mwendoni! Ile 200 D ya mwanzo ilikuwa na nguvu za farasi 55. Kupanda mlima nayo kulitaka subira, lakini ilifika.

Hapa Mombasa namna hiyo haikuhitaji kutambulishwa. Fundi wa kwetu aliweza kuifungulia chini ya mwembe kwa spana na bisibisi, akaisikiliza kwa sikio, akajua ni pampu au ni nozeli. Vipuri vilitoka motokaa moja vikaingia nyingine. Hiyo ndiyo sababu baadhi yake zingali barabarani hadi leo. Wazee wanaozimiliki huzitunza kama mtu atunzavyo jahazi, mbao ikioza huondolewa ikatiwa nyingine na chombo kikaendelea na safari.

Wakubwa nao walikuwa na zao. Namna ya 600, iliyotengenezwa tangu 1963 hadi 1981, ilifika 2,677 tu, na waliopanda ni kama Shah wa Iran, Tito wa Yugoslavia na Mao wa China. Hata vioo vya milango yake vilipandishwa kwa nguvu ya mafuta yaliyoshindiliwa katika mifereji. Ni katika zama hizo, baada ya uhuru, Afrika Mashariki ilipotunga neno Wabenzi, ikawatia wakubwa katika ngeli ya watu kana kwamba ni kabila. Sijui dhihaka nyingine iliyotungwa kwa herufi mbili tu za mwanzo ikauma namna ile. Mwaka 2009 serikali ya Kenya iliamua kuwanyang'anya mawaziri motokaa zao kubwa na kuwapa Volkswagen Passat, na Benz ndizo zilizotajwa mno katika mabishano yale.

Lakini tusichanganye mambo. Mkubwa aliichagua Benz kwa kuwa ilikuwa na heshima, na heshima ile ilikuwa imekwisha kutolewa jasho na dereva wa teksi na mhandisi. Wahandisi wa siku hizo walikuwa na kawaida ya kuunda kwanza, kisha kupiga hesabu ya bei. Béla Barényi alibuni bodi ambayo mbele na nyuma hukunjamana katika ajali huku chumba cha abiria kikibaki kigumu, na mwaka 1959 ubunifu huo ukaingia katika motokaa zinazouzwa. Mwaka 1978 zikaja breki zisizofunga magurudumu barabara inapoteleza, na mwaka 1981 mfuko wa hewa wa kumkinga dereva, zote katika namna ya S. Leo breki hizo na mifuko hiyo imo hata katika vijigari vidogo vya Kijapani. Hiyo ni hisani iliyowafikia watu ambao hawatapanda Benz maisha yao yote.

Palipogeuka ni wapi? Kwa maoni yangu ni mwaka 1989, wakati Toyota ilipoleta Lexus LS 400. Wajapani walionyesha kwamba motokaa iliyo kimya, tulivu na madhubuti yaweza kuuzwa Marekani kwa dola 35,000, chini kabisa ya bei ya Mercedes. Wajerumani wakajibu mwaka 1991 kwa S mpya, W140, pana na nzito mno hata haikuweza kuingia katika gari moshi linalobeba motokaa kwenda kisiwa cha Sylt, wanakostarehe matajiri wao wenyewe. Ikawa kichekesho. Tangu hapo hesabu ikageuzwa, kwanza waulize soko litalipa kiasi gani, kisha waunde kitu kinachotosha bei hiyo.

Mazao yake yalionekana. Mwaka 1993 zikaja herufi C, E na S badala ya nambari za zamani. Namna ya E ya mwaka 1995, yenye macho manne ya mviringo, ilijulikana kote kwa kuliwa na kutu, jambo la aibu kwa jina kama hilo. Mwaka 1997 ile ndogo, A, ilipinduka katika majaribio ya gazeti moja la Sweden, ikabidi isimamishwe na kutiwa chombo cha kuidhibiti. Mwaka 1998 wakaungana na Chrysler ya Marekani, na mwaka 2007 wakaachana. Katikati yake, mwaka 2004, waliziita gereji motokaa 680,000 kwa sababu ya breki zinazoongozwa kwa umeme, na mwaka 2005 nyingine milioni 1.3. Mwaka 2020 wakakubali kulipa Marekani takriban dola bilioni 1.5 kumaliza kesi ya moshi wa dizeli. Dizeli ile ile iliyowapa jina! Nakiri kwamba katika yote haya ni hilo lililonisikitisha zaidi.

Si haki kusema kwamba kila kitu kiliharibika. Namna ya G, iliyoanza mwaka 1979 huko Graz, Austria, ingali ya mraba kama sanduku, na mwaka 2023 ilitimiza 500,000. Na C za miaka ya karibuni, zile tunazoziona katika yadi za Mombasa, ni tulivu na salama kuliko W123 kwa kila kipimo. Lakini fundi wa chini ya mwembe hawezi kuzigusa. Kabla ya spana yataka kompyuta, na kompyuta yenyewe yataka ruhusa kutoka Ujerumani.

Mwezi wa Mei 2022 kampuni ilitangaza kwamba itaelekeza nguvu zake kwa wateja wa juu, na kupunguza aina za motokaa zake ndogo kutoka 7 hadi 4. Kwa maneno mengine, mwalimu na mwenye teksi waende kwingine. Mwaka 2024 mauzo ya motokaa zake yalishuka chini ya milioni 2, na China, soko lake kubwa kuliko yote, ndiko pigo lilikozidi, kwa sababu Wachina sasa wanaunda zao za umeme, nzuri tena rahisi. Ile EQS ya umeme ya mwaka 2021, yenye umbo kama yai, haikupendwa kama ilivyotarajiwa. Jina la EQ lenyewe linaondolewa polepole, na CLA mpya ya mwaka 2025 imeundwa iweze kutiwa umeme au petroli.

Jambo jingine linanitia wasiwasi zaidi kuliko betri. Huko Ujerumani, mwenye EQS aliyetaka magurudumu ya nyuma yageuke kikamilifu alitakiwa kulipa euro 489 kwa mwaka, ilhali vyuma vyenyewe vimo tayari katika motokaa aliyokwisha kuinunua. Huko Marekani mwenye motokaa ya umeme alitakiwa dola 1,200 kwa mwaka ili mwendo wake uongezwe. Sisi tumezoea kwamba mtu akisha lipa na kukabidhiwa, kitu ni chake chote, chini na juu. Je, anayeinunua motokaa hiyo baada ya miaka 7, kutoka kwa mtu asiyemjua, katika nchi ambayo kampuni haikuiuza, amenunua nini hasa? Ada hiyo atamlipa nani, na ikifungwa huko Stuttgart ataifunguliwa na nani?

Hayo si mambo ya mbali. Motokaa ya kwanza ya umeme ya Mercedes katika mkumbo huu, EQC, ilianza kuuzwa mwaka 2019, ikaachwa kutengenezwa mwaka 2023. Za usukani wa kulia ziliuzwa Uingereza na Japani, na zimo katika njia ile ile iletayo motokaa zetu. Kampuni iliidhamini betri yake kwa miaka 8 au kilomita 160,000. Sheria yetu nayo huruhusu miaka 8. Atakayepelekewa picha ya EQC nyeupe inayong'aa, bei yake ikamshangaza kwa urahisi, kabla ya kutuma fedha na aulize mambo mawili: betri imebakiwa na nguvu kiasi gani, na ni gereji gani kati ya Mombasa na Nairobi itakayothubutu kuifungua.