Mtoto anayelia usiku si mlozi

Ndugu wakaaji, nanyi ndugu zetu mliokimbia vita, kuna neno tunalolitamka haraka mno juu ya watoto: mlozi.

Mara nyingi inaanza hivi. Familia inatoka Masisi ao Rutshuru, inapokelewa kwa jamaa, watu kumi katika chumba kimoja. Mtoto wa miaka saba anaanza kukojoa kitandani. Usiku anapiga kelele na kutaja majina ya watu waliokufa. Kisha mtoto mchanga wa nyumba ile anapata malaria, ao biashara ya mama inaanguka. Mmoja anasema: "Tangu huyu afike, hatuna amani." Anapelekwa kwenye chumba cha maombi, ananyimwa chakula siku tatu ili akubali. Njaa ikimzidi, anakubali. Hapo watu wanasema: "Mmeona? Amekiri mwenyewe."

Iliyosema ni njaa. Mtoto aliyesikia mabomu huota vita, na anaweza kukojoa kitandani hata kama alikuwa ameacha zamani. Majina anayotaja ni ya watu wake aliowapoteza. Mwingine huanguka na kutoa povu mdomoni: hicho chaweza kuwa kifafa, na kifafa kina dawa. Malaria nayo inaletwa na mbu.

Najua wazazi wengi watajibu kwamba ulozi uko, hata mababu waliujua. Sibishani na imani ya mtu. Lakini Katiba yetu ya 2006, kifungu cha 41, inakataza kumshitaki mtoto ulozi. Sheria ya ulinzi wa mtoto ya tarehe 10 Januari 2009, kifungu cha 160, inampa anayefanya hivyo kifungo cha mwaka 1 hadi 3, pamoja na faini. Hata mchungaji hayuko juu ya sheria hiyo.

Basi, mkiona alama hizo, mpelekeni mtoto kwanza kituo cha afya. Muulizeni taratibu alichokiona njiani, mkiwa mmeweka fimbo mbali. Mkijua jirani amemfungia mtoto, mwambieni chifu wa avenyu ao polisi wanaolinda watoto.

Tukimfukuza leo, kesho tutamkuta sokoni, tutamwita maibobo, halafu mwizi. Na ni sisi tuliomtoa nyumbani.