Chumba ni Chako, Wateja Je?

Mwenye nyumba akimwambia mpangaji wa duka, "Hama, kijana wangu amemaliza chuo, anataka kufanya biashara hapa," wengi wetu huona neno limekwisha. Nyumba ni yake, mtoto ni wake, basi. Mimi naona neno ndiyo kwanza linaanza.

Nianze kwa kumtetea mwenye nyumba. Aliyejenga kwa jasho lake ana haki ya kutumia alichojenga, na mzazi anayemtafutia mtoto riziki hatendi dhambi. Hata sheria ya Kenya, Sura ya 301, iliyotungwa mwaka 1965 kuwalinda wapangaji wa maduka, hoteli na mahali pa chakula, inampa nafasi hiyo. Inawahusu hasa wapangaji wasio na mkataba wa maandishi, au wenye mkataba usiozidi miaka 5. Mwenye nyumba anaweza kudai chumba ikiwa anakusudia kukitumia kwa biashara yake kwa muda usiopungua mwaka 1.

Lakini tuyaangalie masharti. Notisi iwe ya maandishi, itaje sababu, na isipungue miezi 2. Mpangaji asiyekubali anaweza kwenda mbele ya Baraza la Kodi ya Majengo ya Biashara. Tena sheria inamtaja mwenye nyumba mwenyewe. Haikumtaja mwana wala mpwa. Na ule mwaka 1 una maana yake: "shida ya familia" isiwe vazi la kumfukuzia mtu leo ili kesho aingie mwingine mwenye kodi kubwa zaidi.

Aristotle anatufundisha kwamba haki ni kumpa kila mtu kilicho chake. Basi tuulize: katika duka lile, kipi ni cha nani? Kuta ni za mwenye nyumba. Tuseme mama mmoja ameuza sare za shule humo kwa miaka 12. Wazazi wanamjua, wanamwamini, wanakopa na kulipa. Imani hiyo haikujengwa na fundi wa mawe. Kijana akifungua duka la vyombo vya umeme, amechukua chumba. Akifungua duka la sare, amechukua chumba pamoja na miaka 12 ya mtu mwingine.

Wapo watakaosema: mpangaji alijua tangu mwanzo kwamba nyumba si yake, na wateja wengine waliletwa na barabara, si na yeye. Ni kweli, na ndiyo maana sisemi akae milele. Nasema kipimwe kilicho chake. Sheria yenyewe imeliona hilo: inalipa Baraza uwezo wa kuagiza mpangaji afidiwe hasara ya wateja na jina alilojijengea, na matengenezo aliyoyafanya kwa idhini ya mwenye nyumba. Tatizo ni kwamba wengi hawajui, na kufuli hufungwa usiku kabla hawajauliza.

Mtakatifu Thoma wa Akwino anakubali kwamba mtu amiliki mali na kuisimamia kama yake. Ila katika kuitumia, anamtaka awe tayari kuwashirikisha wenye shida. Hapo hoja ya familia inageuka na kutuuliza sisi. Mama yule naye ana familia, ana karo, ana mkopo wa chama. Zinazokutana mlangoni ni familia mbili, na moja tu ndiyo yenye ufunguo.

Basi mwenye nyumba Mkristo afanyeje? Aseme ukweli, na aseme mapema, si wiki ambayo mpangaji amejaza bidhaa za kufungua shule. Ampe muda wa kuuza alizonazo. Kijana akitaka biashara ileile, wakae chini wakubaliane fidia, hata kama hakuna aliyekwenda kwenye Baraza.

Nawaandikia hasa mafrateri wenzangu. Parokia nyingi zina vyumba vya maduka kando ya barabara, na siku moja baadhi yetu tutashika vitabu vya kodi. Atakuja mjumbe wa kamati aseme kuna kijana wetu anahitaji chumba. Kabla ya kutia sahihi notisi, twende kwanza dukani tukamsikilize aliyemo.